Zumari Mara Mbili

Alhamisi, Zumari 24

Barua imefika. Na aliyeileta ni mwanangu mwenyewe! Katibu wa baraza la mji, na tai yake, amesimama mlangoni kama mgeni. Nikamwambia apite ndani, asinizibie mwanga.

Kwa kifupi: kuanzia mwezi ujao, Marimba, kila mwezi utakuwa wa siku thelathini, mwezi uandame usiandame. Wala hautapigwa na mtu. Wamefunga spika juu ya paa la soko, na sauti zimesharekodiwa. Mimi nipige Marimba mara ya mwisho mbele ya wageni, kisha nikabidhi ufunguo wa kabati.

Kabati langu! Ala kumi na tatu, kila mwezi na ala yake ninayoipiga paani pa soko mwezi ukiandama, na kila moja najua inapouma. Nikamuuliza nani ameandika barua hii. Akaangalia viatu vyake. Basi nikajua.

Chai hakunywa. Sikumbembeleza.

Jumamosi, Zumari 26

Nimekwenda kuiona hiyo spika. Fundi umeme ana adabu, akaniwashia. Marimba ikatoka kama sufuria zinazoanguka. Nikamuuliza, mwezi ukiandama siku ya ishirini na tisa itajua? Akajibu kwamba haina macho, shangazi. Angalau huyu ni mkweli.

Nimepiga hesabu. Kwa siku thelathini-thelathini, miaka mitatu haitaisha kabla hatujaanza mwezi mpya huku mwezi mpevu unatutazama. Hawaoni haya?

Mke wa mwanangu amepita na tumbo lake, siku zimekaribia. Miguu imevimba, ulimi mwepesi kama kawaida. Anasema mumewe halali siku hizi, anajigeuza tu. Nikasema vizuri.

Jumatatu, Zumari 28

Mwenyekiti wa baraza ameniita ofisini. Maneno matamu: nimetumika miaka thelathini na moja, nimechoka, nipumzike. Mimi nikichoka nitasema mwenyewe! Eti mwezi hauna ratiba na viwanda vinataka ratiba. Nikamjibu kuwa mwezi ulikuwa kazini kabla ya kiwanda chochote, na haujawahi kuomba ruhusa. Hakucheka. Karani wake alicheka, akajifanya anakohoa.

Nikamkumbusha sheria, maana haijafutwa: mwezi ni ule uliosikika ukipigwa paani, basi. Marehemu baba aliwahi kupanda na homa, akabeba filimbi badala ya zeze, na mji mzima ukaishi mwezi wa Filimbi mara mbili. Wanafunzi walirudia mitihani! Harusi zikasogezwa mbele. Mwenyekiti akasema hayo ni mambo ya kale.

Haya.

Jumatano, Zumari 30, jioni

Nimefanya!

Wanaume wanne waliipandisha marimba kwa zile ngazi nyembamba, wakilalamika kila kipandio. Wageni vitini, maji ya chupa, hotuba tatu. Mwezi ukaandama juu ya bomba la kiwanda, mwembamba kama ukucha. Mwenyekiti akanipa vijiti vya marimba, akatabasamu kwa ajili ya picha. Nikavipokea kwa mkono wa kushoto. Wa kulia nikautia mfukoni mwa koti, nikatoa zumari.

Nikapiga. Beti zote saba. Chini sokoni mtu mmoja akapiga makofi, halafu soko zima. Naandika koti bado sijalivua. Nina hasira na furaha, zote kwa pamoja. Mwanangu alikaa mstari wa mbele. Hakuniangalia hata mara moja, na hilo limeniuma.

Ufunguo sijatoa.

Alhamisi, Zumari 1 — tena!

Ofisini wameandika Marimba 1. Sokoni ni Zumari 1. Muuza maziwa amebandika tarehe zote mbili, anasema yeye hana ugomvi na mteja. Spika ilianza kelele asubuhi, watu wakaivika gunia. Sikuwatuma. Lakini nimecheka.

Baraza limenishtaki kwa hakimu, naye hataki lawama. Ametangaza atafuata kadi ya mtoto wa kwanza kuzaliwa tangu jana jioni, kwa kuwa kadi ya kuzaliwa haifutwi. Kwa desturi yetu, baba anamwimbia mtoto wimbo wa mwezi sikioni, muuguzi anaandika anachosikia. Ikiandikwa Marimba, kabati linafunguliwa kwa nguvu. Sawa, waje na nyundo.

Jumapili, Zumari 4

Zahanati. Naandika nikiwa kwenye benchi la korido.

Mjukuu wangu amezaliwa saa tatu asubuhi. Msichana, mapafu ya kupulizia tarumbeta! Nimembeba, nimelia bila aibu. Na tangu Jumatano hakuna mwingine aliyezaliwa mjini. Wa kwanza ni yeye. Katika watoto wote wa dunia hii!

Karani wa mwenyekiti amesimama dirishani, ametumwa kusikiliza. Mwanangu aliingia jasho linamtoka. Muuguzi akamkabidhi mtoto, akashika kadi na kalamu. "Baba, mwimbie. Nitaandika nitakachosikia."

Mwanangu akanitazama. Mara ya kwanza tangu ile siku ya paani. Akiimba Zumari kazi yake imekwisha, na yeye anajua, na mimi najua. Nyimbo zote mbili nilimfundisha mimi, akiwa bado hajui kufunga vifungo vya shati. Nikatoka nje, hapa koridoni. Asije akasema nilimsimamia kichwani. Na akiimba Marimba atabaki mwanangu, ila mimi paani nitapanda, hata wang'oe ngazi.

Mlango haukufungwa vizuri. Nasikia kila kitu. Mkewe anamwambia, kwa sauti iliyochoka: "Mtoto anasubiri."

Anasafisha koo.

Marimba huanza kwa pumzi fupi. Hii si fupi. Bado anavuta —