Kitanda cha Nazari

Liuli,
14 Juni 1975

Mdogo wangu Nazari,

Nisamehe kwa kukaa kimya tangu Septemba. Barua yako ilifika salama, nami kila Jumapili nilikusudia kuijibu, kisha nikairudisha ndani ya kitabu cha sala. Natumaini kifua kimepona na vumbi la mkonge halikusumbui kama zamani. Sisi ni wazima. Macho ya Mama yamepungua nguvu, lakini miguu inamtii, na bado anatugombeza sote kwa zamu.

Sasa nikupe habari. Tangu nistaafu ualimu, tumeungana watu saba hapa kijijini kutengeneza mishumaa. Nta inatoka kwa warina asali wa kijiji cha Ruanda. Ottilia, mjane wa Placidi, ndiye mwenye mkono wa kazi hiyo. Huchovya nyuzi, huzitundika, huchovya tena, hata zikanenepa polepole kama vitu vionekanavyo usingizini. Siku za kuyeyusha nta, harufu ya asali hushuka hadi ufukweni, na wavuvi husema wanarudi nyumbani kwa kufuata pua.

Lakini kuuza bila leseni hakuruhusiwi, nami sikutaka tuanze kwa kuvunja sheria. Nilijaza fomu kwa mkono wangu: majina ya wanachama, mchoro wa jengo, aina ya kazi. Masharti yanataka nyumba ya bati yenye sakafu ya saruji, ndoo za mchanga mlangoni, na, kwa kuwa nta hushika moto upesi, asilale mtu ndani. Nyumba ya namna hiyo hapa ni moja tu, nayo ni yako. Ulikwisha kuandika kwamba tuitumie kwa lolote. Nikaitaja.

Ni lazima nikueleze hali yake. Kila Jumamosi Mama huifagia, hutoa godoro lako la sufi juani, hulipiga kwa fimbo, hulirudisha na kutandika. Huu ni mwaka wa kumi na moja tangu uondoke. Alasiri mwanga wa ziwa huingia dirishani ukachezacheza ukutani, na mtu akisimama mlangoni bila kuwaza neno, huona kama shuka linapumua. Mimi mwenyewe nimeliona, ingawa sipendi kusema mambo ya namna hiyo.

Afisa Biashara, Bwana Salumu, mtu wa Kilwa, alikuja kukagua Jumamosi iliyopita. Ni mcheshi. Alinusa mshumaa akauliza kama unaliwa na chai, akasema nyumba hii inaishinda ofisi yake, ambamo mvua husoma mafaili kabla yake yeye. Mama alimwuliza kama kwao Kilwa watu huingia na viatu penye sakafu iliyofagiwa. Akacheka, akavivua. Aliridhika na bati, akaridhika na mchanga. Kisha akakiona kitanda, akauliza analala nani.

Wenzangu walikuwa nje. Jibu sahihi lilikuwa moja: halali mtu. Lakini Mama alikuwa nyuma yangu, amekumbatia shuka. Ndugu yangu, nilijibu kwamba analala mdogo wangu. Akauliza kama na jana alilala hapo. Nikasema ndiyo. Kwa miaka thelathini niliwaadhibu watoto kwa uongo mdogo kuliko huo. Bwana Salumu aliandika, akafunga faili, akasema kwa upole kwamba atapita tena tarehe tano Julai, na akikikuta kitanda, ombi letu limekwisha. Mama akatandika shuka. Wenzangu mpaka leo wanadhani leseni imekwama kwa sababu tumepungukiwa na ndoo, na Ottilia anaendelea kukata nyuzi.

Sikuombi urudi. Mara nne umeandika kwamba utakuja baada ya mavuno, nami sikukuuliza mavuno yapi. Naomba tu uniandikie kweli, na upesi, maana ni mimi nitakayemsomea Mama, na uongo wa pili sitauweza.

Wasalimu wa nyumbani kwako, kama wapo. Mama anauliza kama bado unalala upande wa ukutani. Nikishaamua kukitoa kitanda au kukiacha, nitakuandikia siku hiyo hiyo.

Kaka yako,
Frederick