Apdeti ya Kapteni

Jumatatu, 10 Novemba

Mashine ya gemu imerudi kuwa mtoto mchanga. Nimeiwasha asubuhi kwenye chumba cha mazoezi, ikaniuliza natumia lugha gani. Lugha! Miaka minne tuko nayo wadi ya watoto, leo hainijui. Hakuna orodha, hakuna majina ya watoto. Visiwa kumi na tisa alivyovifikia Kapteni, mgonjwa wangu, kwenye gemu lake — vyote vimekwenda.

Wote wanasema ni fundi rangi. Wiki iliyopita alipaka chumba kile, akachomoa nyaya zote. Muuguzi wa zamu kasema watu wengine mikono yao haitulii. Mimi nikaitikia kwa kichwa.

Niandike hapa, hapa hakuna anayesoma. Ni mimi. Ijumaa mchana mashine ilikuwa nzito, inakwama, na mimi nina haraka ya kutoka. Likatokea swali refu kwenye skrini. Nikabonyeza "ndiyo" bila kusoma. Ikazima. Nikaenda zangu nyumbani.

Jumanne, 11 Novemba

Kapteni ni jina alilojipa mwenyewe. Ana miaka kumi. Mafuta ya moto, mkono wa kulia, kiganja chote. Ngozi mpya imeshika vizuri, lakini kovu linavuta vidole ndani, kama mtu aliyefumbata kitu hataki kukitoa. Kazi yangu ni kuvifungua. Ndiyo maana watoto wananiita Bi Kunja-Kunjua.

Mazoezi ya kawaida hataki. Analia, anaficha mkono chini ya mto, bibi yake anageuka ukutani ili asione. Kitu kimoja tu kinamtoa: gemu la ndege ya karatasi. Unashika pedi, kila kidole na kitufe chake, na ndege inapaa ukiachia kidole. Kuachia, si kubonyeza! Ni dawa kabisa. Tangu Septemba, kidole chake cha mwisho kimetoka nyuzi 48 hadi 28. Yaani kimebakiza nyuzi 28 kunyooka.

Leo nimeweka diski. Gemu limefunguka, lakini ni toleo la zamani, lile lilivyotoka dukani. Humo ndege inapaa kwa kubonyeza tu. Kukunja! Kinyume cha kila ninachokitafuta. Ile ya kuachia ilikuja na apdeti, miaka hiyo.

Kapteni aliangalia skrini muda mrefu. "Visiwa vyangu viko wapi?"

Nikasema mashine inaumwa. Muongo mkubwa mimi.

Jumatano, 12 Novemba

Daktari wa upasuaji kapita. Kapima na yeye: 29. Kasema atamwona tena Jumanne ya tarehe 25. Kikizidi arobaini anarudi naye chumba cha upasuaji, anafungua kovu upya. Bibi aliuliza: "upya" maana yake ni upya kabisa? Daktari akasema ndiyo mama, tunaanza mwanzo.

Nimekwenda kwa fundi wa mitandao wa hospitali, nimwombe mtandao wa kushushia apdeti. Tunamwita Hapana, kwa sababu hiyo ndiyo salamu yake.

"Hapana," kasema, kabla sijamaliza. Mtandao wa hospitali ni wa majibu ya maabara na mafaili, si wa michezo. Kisha akaitazama namba ya mashine niliyomwandikia, akaguna, akatafuta kitu kwenye kompyuta yake. Akanigeuzia skrini.

Kampuni inafunga seva, zile kompyuta zake zinazotoa apdeti za mashine za zamani kama hizi. Ijumaa, tarehe 21, saa 12:00 jioni. Baada ya hapo, usichoshusha hutakishusha tena.

"Kwa hiyo una siku tisa," kasema Hapana. Kwa mara ya kwanza sauti yake haikuwa ya hapana.

Ijumaa, 14 Novemba

Nimekwenda kwa Mama Metroni. Nimeomba kuitoa mashine nje ya hospitali siku moja tu, nikaifanyie apdeti nyumbani, maana bando la simu haliitoshi. Kasema niandikie kamati ya vifaa. Kamati inakaa lini? Tarehe mosi Desemba.

Tarehe mosi!

Nikasema seva zinafungwa tarehe 21. Kasema seva ndiyo nini, na je, seva imeajiriwa hapa? Kila kitu chenye namba ya hospitali hakitoki bila kamati, hata kijiko. Halafu akasema, kwa upole — huo upole ndio ulionichoma — "Usijali, yule fundi rangi nimeshamsema vya kutosha."

Nilikuwa na nafasi. Mlango umefungwa, sisi wawili tu. Nikasema asante, Mama. Nikatoka.

Jumatatu, 17 Novemba

36.

Nimepima mara tatu. 36. Nimejaribu udongo wa kufinyanga, vibanio vya nguo, sponji. Amenitupia sponji usoni. Bibi yake kamgombeza, halafu kaniambia pembeni: mjukuu wangu si mkaidi, mwanangu, amekata tamaa, ni vitu viwili tofauti.

Fundi rangi anapaka korido yetu sasa. Mtu mzima, mtaratibu, ananiita daktari ingawa mimi si daktari. Hakuna anayemjibu salamu. Na mimi nilipita nikijifanya nasoma faili.

Alhamisi, 20 Novemba

Nimeichukua.

Mwisho wa zamu, chumba cha mazoezi kitupu. Mashine ndani ya mfuko, chini, nyaya na diski juu yake, pedi mbili juu kabisa. Getini mlinzi akanisimamisha.

"Umebeba nini leo, dada, mfuko umejaa hivyo?"

"Pedi," nikasema.

Akaangalia mawingu. "Pita, pita dada yangu, pita."

Nilicheka peke yangu hadi njia panda. Kisha kicheko kikakatika. Nimetoka na mali ya hospitali. Kazi miaka kumi na moja, sijawahi kutoka hata na plasta.

Mume wangu kaiona mezani, kaniangalia. Nikamwambia yote. Yote, pamoja na ile "ndiyo" ya Ijumaa. Akaenda kunawa mikono, akarudi. "Unahitaji nini?"

"Umeme usiyumbe kesho mchana kutwa."

Yeye anachomelea madirisha na mageti uani. Akiwasha tu, taa za nyumba nzima zinasinzia. Akaguna. Kesho kuna geti la mteja.

Ijumaa, 21 Novemba

Nimeomba ruhusa, nimesema kichwa. Si uongo, kinauma kweli.

Saa 3:10 asubuhi. Mashine inataka kujiapdeti yenyewe kwanza, kabla ya gemu lolote. Sikujua! Asilimia 4.

Saa 5:30. Asilimia 71. Intaneti yetu inatambaa. Nusu ya watu wenye mashine kama hii duniani nadhani wako kwenye foleni hiyo hiyo leo.

Saa 7:05. Imemaliza, imezima, imewaka. Sasa gemu. Hapa ndipo roho iliponitoka — wadi ina magemu matatu. Magari, mpira, ndege. Apdeti ya kila moja ina vipande vitano, na kila kipande lazima kimfuate mwenzake. Nimepiga hesabu: muda ni wa gemu moja. Mpira ndio unaopendwa na wadi nzima. Bila apdeti unakwama kipindi cha pili, kila siku. Wale watoto wengine kumi na wawili nitawaambia nini?

Nimechagua ndege.

Saa 8:40. Kipande cha pili. Mteja amekuja kuchukua geti lake. Halijakamilika. Nimemsikia mume wangu uani akimwambia mashine ya kuchomelea imeharibika. Mume wangu, asiyejua kudanganya hata mtoto! Mteja akauliza imeharibika nini. "Imeharibika... ndani."

Saa 10:15. Kipande cha tatu kimekatika kwenye asilimia 60. Kimeanza upya. Nimepiga kelele hadi mume wangu kaja mbio na nyundo mkononi.

Saa 11:20 jioni. Kipande cha nne kimeingia.

Saa 11:38. Cha tano, asilimia 22. Haitoshi. Haitoshi!

Mume wangu kasimama nyuma yangu. Mikono mabegani kwangu. Kazima friji. Kazima feni. Kaenda kwa majirani kuwaomba wasiangalie video hadi saa kumi na mbili, maana laini ya intaneti tunachangia. Sijui kawaambia nini. Nimesikia mmoja akisema pole sana, Mungu atawatia nguvu.

Saa 11:51. Asilimia 70.

Saa 11:57. 91.

Saa 11:59. Imeandika "inasakinisha". Imeandika "usizime".

Saa 12:04. Nimeachia kidole, ndege imepaa. Toleo ni la mwisho kabisa, namba ile ile iliyokuwepo. Nilijaribu gemu la mpira kwa tamaa. Skrini ikaandika huduma haipatikani. Basi.

Jumamosi, 22 Novemba

Nimelala hadi saa nne. Mashine iko mezani imefunikwa kitambaa. Kila simu ikilia nashtuka.

Jumatatu, 24 Novemba

Sijui nianzie wapi.

Nimefika mapema na mfuko wangu, niirudishe kabla mtu hajagundua. Getini kuna kundi. Katikati yake fundi rangi. Ijumaa waliona mashine haipo. Jina la kwanza lililotajwa ni lake. Mlinzi — yule yule aliyenipitisha mimi! — amemwaga ndoo zake zote akitafuta. Rangi nyeupe na ya samawati inatiririka kwenye kokoto. Kapekuliwa hadi soksi.

Akaniona. "Daktari, wewe unanijua. Waambie."

Nikafungua mfuko mbele ya wote.

Ofisi ya Mama Metroni. Nilisema. Kwanza kwamba mashine nimeichukua mimi. Kisha nikasikia mdomo wangu ukiendelea wenyewe — na kuifuta niliifuta mimi, tarehe saba, kwa mkono wangu, si yeye.

Mama Metroni hakupaza sauti. Alivua miwani. "Mashine ningeweza kukuelewa. Lakini umemwacha mtu mzima asimangwe wiki mbili, na kila asubuhi unampita."



Niandike maelezo. Hadi hapo sigusi mgonjwa, siingii wadini. Mashine aliipeleka yeye mwenyewe chumba cha mazoezi.

Nilimfuata fundi rangi bombani. Nikamwomba radhi. Alikuwa anasuuza ndoo. Nikanyoosha mkono, hakuupokea. Kasema, "Watoto wangu wangesikia kwamba baba yao ni mwizi." Akaendelea kusuuza.

Mwenzangu wa wadi ya wakubwa kampima Kapteni badala yangu. 39.

Jumanne, 25 Novemba

Benchi la korido, nje ya mlango wa wadi. Maelezo yangu nimeshayapeleka, kurasa mbili. Hakuna aliyeniambia nikae hapa, hakuna aliyeniambia niondoke.

Saa nne kamili daktari wa upasuaji ameingia. Mwenzangu kapima: 41. Nimeisikia kupitia mlangoni. Arobaini na moja!

Bibi yake kamwomba daktari. Nimesikia sauti yake tu, maneno sikuyasikia. Kisha daktari: haya, naanza vitanda vya mbele, mkono ukipata joto nitaupima tena nikifika hapa. Wamesogeza mashine karibu na kitanda cha Kapteni.

Nasikia muziki wa gemu. Unaanza. Unakatika. Unaanza. Unakatika. Ndege inaanguka hapo hapo, kila mara.

Bibi ametoka. Kakaa kwenye benchi, mbali kidogo na mimi.

"Amekasirika. Anasema visiwa vyake ulivifuta wewe."

"Ni kweli, bibi."

"Najua ni kweli. Nimekuja kwa jingine. Anaachia vidole kama ulivyomfundisha, ndege haipai. Anabonyeza, inapaa. Kwa nini?"

Kila mchezaji mpya lazima awashiwe. Apdeti inaleta ile ya kuachia, lakini haiiwashi. Miaka yote nilikuwa nawawashia mimi, vitufe vitatu, nilishasahau hata kwamba ni hatua; hata Ijumaa nyumbani vidole vyangu vilibonyeza vyenyewe. Nikamweleza bibi: bonyeza hiki, shuka mara nne, geuza. Akanisikiliza, akaingia. Akarudi. Maandishi hayaelewi, amefika kwingine, skrini imeuliza swali refu, kaogopa kubonyeza.

Swali refu! "Usibonyeze, bibi! Usibonyeze chochote!"

Daktari yuko kitanda cha tatu. Kapteni yuko cha saba. Mwenzangu ameitwa wadi ya wakubwa. Mama Metroni ametokea mwisho wa korido, ana faili mkononi. Ameniona nimesimama. Ametikisa kichwa taratibu — usithubutu.

Mlango uko wazi nusu. Sauti ya Kapteni inatoka, imejaa hasira, lakini ni mimi anayeniita.

"Wewe Bi Kunja-Kunjua! Unakuja au huji?"

Daktari kitanda cha tano.

Daftari naliacha hapa kwenye benchi.