Baba, Wali wa Kabatini Umekaangwa

Kwa baba yetu, Kiyohide Honma, mng'arisha vijiko wa mji wa Tsubame.

Mwaka umezunguka, Baba, tangu Jumamosi ile ulipozima gesi kwa mkono wako mwenyewe, ukaweka mwiko kando, kisha ukaketi sakafuni jikoni na usiinuke tena. Mayai matatu yalikuwa yameshapigwa bakulini. Watu wanasema mwaka hutuliza. Sisi haujatutuliza. Mama anapanga upya kabati alilolipanga jana. Mwanao Takuma anaendesha gari kutoka Nagaoka kuja kuangalia kama bomba linavuja, na bomba halivuji. Mimi Chizuru nimeandika tangazo hili mara sita na kulichana mara tano.

Wanaosoma hapa si wote waliokujua, basi tuwaambie. Miaka arobaini na miwili ulisimama mbele ya gurudumu la kung'arishia, mpaka kucha zako zikawa nyeusi na hazikutakata hata siku ya harusi yangu. Kila mtoto aliyezaliwa mtaani kwetu alipata kijiko kidogo kutoka kwako, na hukutaka kushukuriwa. Ulikiacha mlangoni ukakimbia kama mwizi. Ukialikwa mahali, kabla ya kuonja supu uligeuza kijiko ukaangalia mgongo wake. "Huyu alikuwa na haraka," ulisema juu ya mtu usiyemjua aliyekitengeneza, na Mama akakukanyaga mguu chini ya meza.

Siku sita za wiki hukupika. Hata maji ya chai ulingoja uletewe. Lakini Jumamosi saa sita mchana jiko lilikuwa lako, na chakula kilikuwa kimoja tu, yakimeshi, wali wa kukaanga. Karai la chuma, mafuta ya nguruwe kiasi cha kidole gumba, mayai, samaki wa chumvi aliyechambuliwa, na majani ya kitunguu kutoka kwenye tuta la nyuma ya nyumba. Sosi ya soya hukuimwaga juu ya wali. Uliipitisha ukingoni mwa karai iungue kidogo, nyumba nzima inukie. "Dakika tatu!" ulipiga kelele. "Mtu asiniongeleshe dakika tatu!" Na Takuma, ambaye hajawahi kunyamaza dakika moja maishani mwake, alikuuliza hapo hapo kama samaki nao hulala.

Siri ilikuwa kwenye wali wenyewe. Kila asubuhi Mama huweka kikombe kidogo cha wali wa kwanza ndani ya lile kabati jeusi la sebuleni lenye picha za wazee wetu waliotangulia. Anagonga kengele, anakutanisha viganja. Baadaye wali huteremshwa ukaliwa na walio hai, kwa sababu chakula cha wazee hakitupwi. Wewe ulivikusanya vikombe hivyo tangu Jumatatu, vikakauka ndani ya friji mpaka kila punje ikasimama peke yake, Jumamosi ukavikaanga. Sahani ya kwanza ulimpelekea Bibi, mama yako, kwenye picha yake kabatini. "Mama, ni wali wako mwenyewe," ulimwambia. "Nimeukaanga tu." Kila Jumamosi maneno yale yale, na Bibi hakuwahi kulalamika, tofauti na sisi.

Tangu uondoke nimejaribu, Baba. Nakuapia nimejaribu. Nimetumia karai lako, zito hata nikateguka kifundo cha mkono. Wali wangu unashikana, unageuka uji wenye mayai. Takuma alionja, akatafuna kwa muda mrefu, akasema, "Dada, huu ukikauka tunazibia paa." Nikamwambia aanze kuziba mdomo wake. Kasoro niliijua. Wali unaotoka moja kwa moja kwenye sufuria ya umeme una maji. Nikamwendea Mama nikamwomba vile vikombe vya kabatini.

"Huo si wa kukaanga," akasema.

"Mbona Baba alikuwa anaukaanga?"

"Ule ulikuwa wa mama yake."

"Na huu unaupeleka wapi?"

"Nakula. Unadhani nani mwingine anaula?"

Lakini Mama hakuwa anakula. Mkanda wa aproni ulikuwa unamzunguka mara mbili. Mwanamke wa Niigata, aliyezaliwa katikati ya mashamba ya mpunga, anakula mkate asubuhi na mkate jioni, ungedhani tumehamia Ufaransa. Nikimpakulia wali anasema ameshiba. Hakai. Anatoka chumba hiki anaingia kile, anasimama mlangoni kama mtu aliyesahau alichotumwa. Tuta la vitunguu hakulikanyaga tangu siku ile. Vitunguu vilikomaa vikatoa maua, maua yakawa mbegu, mbegu zikaanguka zikaota zenyewe, na yeye akawa anapitia njia ya mbele kwenda kuanika nguo.

Sababu sote tuliijua, ila hatukuitaja. Siku ile ulimwambia, "Mama Chizuru, nikatie majani ya kitunguu. Wahi, karai linapata moto." Akatoka. Kwenye uzio akakutana na jirani, wakaongea habari za matunda ya kuanika, yapi yameoza na yapi bado. Aliporudi gesi ilikuwa imezimwa nawe umeketi. Daktari alituambia ni mshipa wa kichwani, kwamba hata angekuwa amesimama ubavuni mwako asingeweza kufanya lolote. Mama alimwinamia daktari kwa heshima zote, akamshukuru, na hakumwamini hata neno moja.

Jumapili iliyopita ilikuwa ibada yako ya mwaka. Mtawa wa hekalu alikuja akasoma sala, nasi tumepiga magoti mpaka yakatuuma. Takuma alikuwa ameagiza chakula mgahawani, kije saa saba. Shangazi Yoshino, dada yako, alikuja na samaki mzima wa chumvi, mkubwa kama mtoto mchanga, akaenda ghalani kumtia kwenye friza. Tukangoja arudi tunywe chai. Badala yake tukasikia sauti yake, ile unayoijua.

"Wifi! Hebu njoo hapa. Nyote njooni!"

Friza ilikuwa imejaa mpaka kwenye mfuniko. Vifurushi vidogo, kila kimoja kiasi cha yai, vimefungwa kwa nailoni na kuandikwa tarehe kwa kalamu. Ulikuwa wali, Baba. Wali wako wa kila asubuhi, tangu wiki ya mazishi mpaka juzi.

"Fusae," Shangazi akamwambia Mama, "chakula cha wazee hakiwekwi rumande."

"Sikukitupa."

"Hukukitupa, na hukukila. Kaka yangu atashibaje kama hakuna anayemsaidia kumaliza?"

Mama akashika ukingo wa friza. Vidole vyake vilikuwa vyekundu kwa baridi lakini hakuviondoa. "Wifi, wali ukishatoka kabatini ni chakula cha marehemu," akasema. "Siku nitakayoula, nitakuwa nimekubali kwamba ni marehemu. Na alinituma majani ya kitunguu. Sijampelekea bado."

Mimi hasira zilinipanda, si kwa Mama, sijui kwa nani, labda kwako wewe, kwa kuzima gesi kwa uangalifu namna ile na kutuacha sisi tukitokota. Nikachota vifurushi nikavitia kwenye aproni, nikaelekea navyo jikoni.

"Chizuru, rudisha!"

"Sirudishi."

"Nimesema rudisha!"

"Mama, nina miaka arobaini na sita. Nichape basi."

Hakunichapa, lakini alinifuata. Nikaupasha wali kidogo kwenye maikrowevu, nikautandaza kwenye ungo upoe. Friza ilikuwa imeukausha, na punje zikateleza zenyewe chini ya vidole vyangu. Shangazi alichambua samaki. Takuma alipiga mayai na kumwaga moja kwenye suti yake nyeusi. Nikaweka karai motoni, nikatia mafuta. Yalipoanza kutoa moshi niligeuka, na maneno yakanitoka kabla sijayapanga.

"Mama, majani ya kitunguu hakuna."

Alikuwa amesimama mlangoni. Akaniangalia mimi, akaliangalia karai, akapaangalia pale sakafuni ulipoketi. Shangazi alianza kusema, "Ngoja mimi nita—" nikamkanyaga mguu, kama Mama alivyokuwa anakukanyaga wewe.

"Wahi, Mama," nikasema. "Karai linapata moto."

Akachukua kisu akatoka.

Sijawahi kuona dakika ndefu kama ile. Niliupunguza moto, nikauongeza, nikaupunguza tena. Takuma alijibandika dirishani akawa anatutangazia kama mtangazaji wa mpira.

"Amefika kwenye tuta. Amesimama. Dada, amesimama tu."

"Usimwite."

"Jirani katokea kwenye uzio."

"Hee! Leo?" Shangazi akashika kichwa.

"Anamsemesha. Anamwonyesha kapu. Mama... Mama anampungia kisu! Jirani kakimbia. Anakata! Amekata! Anakuja mbio!"

Mama yetu ana miaka sabini na mitatu. Aliingia anakimbia, na ndara zake za bustani miguuni, tope mpaka katikati ya jikoni. Tungefanya hivyo sisi, tungesemwa mpaka Mwaka Mpya. Mkononi alishika fungu la majani, na mengine aliyang'oa na mizizi yake na udongo wake.

"Nimewahi?" akauliza. Alikuwa anahema, nywele zimemfunika macho. "Chizuru, nimewahi?"

"Umewahi, Mama."

Akarudia mara ya tatu, na mara ya tatu hakuwa ananiuliza mimi. Alikuwa anapaangalia pale sakafuni. Shangazi ndiye aliyejibu. "Umewahi, wifi. Sasa kata, tutaunguza."

Akayakata, membamba, kama ulivyoyataka. Nikamwaga mayai, nikamwaga wali, na kwa dakika tatu hakuna aliyesema neno, hata Takuma. Wali haukushikana. Nilipopitisha sosi ukingoni mwa karai na ile harufu ikapanda, ilibidi nigeuze uso ukutani, kwa sababu ilikuwa harufu ya wewe kuwepo.

Sahani ya kwanza Mama aliibeba mwenyewe mpaka kabatini. Akagonga kengele. "Baba Chizuru," akasema, "ni wali wako mwenyewe. Umekaangwa tu. Na majani haya hapa, samahani nimechelewa." Tulidhani ataiacha pale kwa saa mbili kama desturi. Hakuiacha. Aliiteremsha papo hapo, akaketi mkekani mbele ya picha yako, akageuza kijiko akaangalia mgongo wake, kisha akala. Alilia na akala, yote kwa pamoja, bila kuona haya. Alipomaliza punje ya mwisho akainua sahani.

"Chumvi imezidi," akasema. "Niongezee."

Chakula cha mgahawani kilifika saa saba kikatukuta tumeshiba. Tulimpelekea jirani, kumwomba radhi kwa kisu.

Hatujatulia, Baba, tusikudanganye. Mama bado hupanga lile kabati, Takuma bado hukagua bomba lake. Ila kila asubuhi wiki hii Mama ameteremsha kikombe chako na kukimaliza, na mkate umeota ukungu. Mle ndani ya friza kuna vifurushi zaidi ya mia tatu. Tumekubaliana kuvila vyote, Jumamosi baada ya Jumamosi, sisi sote, hapa hapa. Majani atakata Mama, na amesema hataki msaidizi.

Wanaokukumbuka ni mkeo Fusae, aliyewahi. Dada yako Yoshino, ambaye bado anadai mguu wake unauma. Mwanao Takuma na suti yake yenye doa. Na mimi, binti yako Chizuru, mwenye karai lako.

Hatutakusahau maisha, Baba. Na Jumamosi saa sita mchana mtu asituongeleshe, dakika tatu tu.