Kitanda cha Baba

Matambarale, Ruangwa

Mpendwa kaka yangu Mbaruku,

Asalaam alaykum. Natumaini barua hii itakukuta mzima huko Kilombero, wewe, wifi na watoto, na kile kikohozi chako cha Idi kimekwisha. Sisi huku tu wazima, alhamdulillahi, tena wazima wa kuringa. Ningepiga simu, lakini kila nikitaja Mama na Baba kwa pamoja, mtandao wako hukatika. Kwa hiyo nimenunua bahasha.

Unajua Baba alivyorudishwa kutoka hospitali baada ya kuanguka kwenye mkorosho akipogolea: nyonga imevunjika, amelala chali kutwa kucha. Kidonda cha kiunoni nilikutajia juu juu tu. Felomena, muuguzi wa zahanati, alikuwa akija kukisafisha na kutukumbusha tumgeuze mara kwa mara. Siku moja alinivuta pembeni akaniambia wazi kwamba kisipofunga, Baba hatakaa kitako tena, na vidonda vya namna ile huondoka na watu. Nililia jikoni, nikamwambia Rahimu mume wangu kwamba ni moshi.

Wageni nao walikuwa wanamiminika kumjulia hali, na mimi unanijua, sipendi kusemwa. Nikatandaza nailoni kitanda kizima, na juu yake shuka langu la kudarizi, lile la mawaridi mekundu. Wageni walikisifu kitanda kweli kweli. Baba alisaga meno akawashukuru. Kumbe yale maua yana mafundo ya nyuzi, yalikuwa yanamkwaruza palepale penye kidonda, na nailoni inamchemsha kwa jasho. Sikuona hata kimoja, nilikuwa nashiba sifa.

Habari zikamfikia Mama kwao Marambo, naye akaja. Lakini talaka ni talaka, na eda yake ilikwisha miaka mingi iliyopita, chumbani hakuingia. Alikaa ukumbini nje ya pazia la mlango, akaniomba nimletee shuka alilolalia mgonjwa. Nilidhani nitasifiwa. Alipitisha kiganja juu ya maua, kisha akaniuliza kama ningeweza kulala mgongo wazi juu ya mbaazi zilizoanikwa. Akasema nimeyatandikia macho ya wageni, mgongo wa mgonjwa nimeusahau.

Basi akatandika kwa mdomo, mimi nikatandika kwa mikono. Rahimu alinisaidia kumweka Baba kwenye kigodoro kando. Mama akaagiza mkeka uanze juu ya chaga, ili godoro lisibonyee katikati ya mbao. Likafuata godoro, baada ya kuota jua hadi likanukia. Nailoni iwe kipande tu, mahali pa kiuno, na juu yake blanketi kuukuu la pamba la kunywa jasho. Kisha shuka lililochakaa likawa laini, livutwe na kuchomekwa chini ya godoro pande zote. Kiunoni ipite khanga iliyofuliwa mara nyingi. Ikilowa, unabadilisha hiyo peke yake bila kumsumbua mtu. Cha kujifunika, shuka kwanza ndipo blanketi, manyoya yasiguse ngozi. Nikasema tayari, limenyooka. Sauti ikauliza kutoka nyuma ya pazia kama nimepitisha mkono au nimetazama tu. Nikapitisha mkono. Kulikuwa na mkunjo.

Tulipomlaza, Baba alipapasa shuka kwa kiganja. Kisha akasema, kwa sauti ambayo haikuwa ya mgonjwa, kwamba mikono ni ya binti yake Samia lakini akili ni ya Sofia. Huko ukumbini Mama, aliposikia jina lake, akakohoa, na hakuwa na mafua.

Hakurudi Marambo. Alilala kwa jirani yetu Hafidha, na kila asubuhi alikuja kwenye pazia lake kunisimamia. Wakaanza kubishana wao kwa wao, mmoja huku mmoja kule. Baadaye nikasikia wanacheka. Kidonda kikaota nyama, kikafunga. Felomena alipokiona alipiga vigelegele hata kuku wakakimbia uani.

Sasa kaka, kaa chini kabisa. Baba alimtuma Rahimu kwa Mjomba Kaimu kuposa. Ndiyo, kumposa mama yetu! Shehe alisema ilikuwa talaka moja tu, si tatu, njia ipo. Mama akajibu kwamba amekubali, ila hataolewa na mtu aliyelala. Ungemwona Baba kila asubuhi, ameshika ubao wa kitanda, jasho linamtoka, anamtukana yule mkorosho kwa Kimwera!

Juzi Ijumaa, baada ya sala, shehe na Mjomba walimkuta ameketi ukingoni mwa kitanda, kanzu mwilini, miguu chini. Akatamka kuwa ameikubali ndoa, na majirani wakasikia. Nililia tena, na safari hii sikusingizia moshi.

Ndipo Mama akavuka pazia. Hakumtazama mtu. Alifunua blanketi, akapitisha kiganja kutoka mchagoni hadi miguuni. Akasema limenyooka. Kisha akaketi ubavuni mwa mumewe.

Wanakusalimu sana, wote wawili kwa salamu moja, nami sikuona sababu ya kuzitenganisha. Wasalimie wifi na watoto. Na ukipata likizo, usigawe tena siku zako nusu Marambo, nusu Matambarale. Shukia hapa, kaka. Wazazi wako wako nyumbani.

Ni mimi mdogo wako akupendaye,
Samia Habibu