Njia Iliyopakwa Chokaa

Bungu, Korogwe
9 Septemba 1951

Kwa kaka yangu Habakuki,

Shikamoo. Nakuamkia kwa sababu umenitangulia kuzaliwa, si kwa sababu moyo wangu umetulia. Natumaini huko Handeni u mzima na unakula ukashiba. Sisi wazima, ila Mama magoti yanamsumbua. Hukuuliza, lakini nakuambia.

Nadhani hujasahau siku ile mwaka jana ulipokuja na Bwana Miti wako, huyo mkuu wa misitu unayemfanyia kazi, umevaa kaptula ya kaki, ukasema njia za msituni zitapotea zisipochorwa kwenye ramani na kulindwa. Zipotee vipi, Kaka, na sisi wanawake tunazifyeka kila mwaka kabla ya masika? Mama alikuamini kwa kuwa umetoka tumboni mwake. Akawatangulia yeye mwenyewe. Kila njia panda aliondoa lile tawi tunalolaza kuwaambia wageni hapa hapapitwi, akawafikisha mpaka kwenye kaburi la Baba ng'ambo ya msitu. Wewe nyuma yake ulikuwa unapaka miti chokaa.

Haya, njia imelindwa. Imelindwa sisi tusipite. Kibao kimesimamishwa, askari wa msitu kawekwa. Mwezi wa pili Mama alikwenda na jembe kupalilia kaburi la mumewe kama kawaida yake. Askari akamnyang'anya jembe, akamsukuma, akamwambia njia ni ya serikali na aliyeitoa ni mwanawe mwenyewe. Mama alirudi bila jembe. Alishinda jikoni na moto hakuuwasha. Nilikuchukia siku ile, na sijamaliza.

Sasa sikiliza, maana utaitwa. Juzi Bwana Miti alileta wageni wake awaonyeshe njia yake, wakarudi miiba imewachana miguu. Anasema wewe tu ndiye utakayeipata. Hutaipata. Masika ya mwaka huu hatukuifyeka. Tuliketi wanawake wote tukakubaliana, na mvua zile zilitosha msitu kuimeza. Chokaa yako ipo mitini, pa kukanyaga hapapo. Njia nyingine tumeifungua, Mama ndiye aliyechagua ipite wapi, na kaburi la Baba ni safi. Msomee Bwana Miti barua hii ukipenda.

Nilimwuliza Mama kama tukuonyeshe njia hiyo siku utakapokuja kuzuru kaburi. Alikuwa anachambua maharage. Akasema bila kuinua macho: "Akija, mfungeni kitambaa machoni, kisha mumshike mkono."

Watoto wanakuamkia. Shangazi Kudra naye anakusalimu, ingawa aliniambia nisiandike hivyo. Njoo ukipata ruhusa. Kitambaa nimeshakifua.

Mimi mdogo wako,
Rosina