Televisheni Wanataka Nilie, Mimi Nataka Kuimba Kantri

Mpendwa Bi Ummi,

Naomba msaada wako, ila nakuomba mapema usiniambie niache kuimba, maana hilo nimeshaambiwa na kila mtu hapa Jeppestown, Johannesburg, na siachi. Mimi ni Victorine, mzaliwa wa Uvira, Kongo, mke wa mtu, msusi wa nywele, na ninaimba muziki wa kantri, ndiyo, ule wa magitaa na kofia pana, kwa sababu marehemu baba yangu alikuwa dereva wa lori na kanda alizokuwa nazo ni hizo tu, tulizisikiliza njia nzima hadi Bujumbura bila kuelewa Kiingereza hata neno, na mpaka leo gitaa lile likilia najiona nimekaa kando yake.

Mwaka huu niliingia kwenye shindano la kuimba la televisheni, wakatuchuja na kutuchuja, mimi nikabaki, na mume wangu Lambert, ambaye ni fundi cherehani, ndiye aliyenishonea shati lenye nyuzi za kuning'inia mikononi akalitundika dirishani pa duka lake ili wapita njia walione. Halafu nikaonekana kwenye televisheni kwa mara ya kwanza na mambo yakageuka. Wifi yangu Murielle, anayeongoza kwaya yetu, alinisimamisha mbele ya wanakwaya wote akasema, "Hizo ni nyimbo za makaburu na walevi. Hapa tunamwimbia Mungu." Nikamjibu, "Dada, hata gitaa Mungu analisikia," akanitoa kwenye kwaya palepale, nikarudi nikamweleza Lambert, na kesho yake shati halikuwa tena dirishani.

Kule televisheni nako mtayarishaji wa kipindi akaniita pembeni. "Watu hawamwelewi Mkongo mwenye kofia ya kauboi," akasema. "Vaa kitenge, tutakuletea wapiga ngoma, na kabla ya kuimba utueleze ulivyokimbia vita. Ukitoa chozi, kura zitamiminika." Bi Ummi, kitenge ni nguo yetu, nimeolewa nacho, sina ugomvi nacho, lakini chozi la kuuza sina. Nilimwambia hivyo akadhani natania. Basi nilipanda jukwaani na kofia yangu, mtangazaji akaniuliza nchi nzima ikitazama, "Hebu tuambie, ulitorokaje vita?" Nikamjibu, "Nilikuja kwa basi, kama wewe unavyokwenda Durban. Leo nimekuja kuimba." Ukumbi ukacheka, nami nikaimba wimbo nilioutunga mwenyewe kwa Kiswahili, wa mwanamke anayeendesha lori la baba yake, na wasiojua Kiswahili wakasimama na wanaokijua.

Wamenipigia kura hadi fainali, ni Jumamosi ijayo, na mshindi anapewa kipindi chake cha kila wiki. Sasa mtayarishaji ananipigia simu kila siku kwamba kwangu mimi ni kitenge na machozi au nisahau kipindi, na Lambert naye juzi ameweka mkasi chini akasema, "Chagua, nyumba hii au televisheni. Kila mtu Jeppe sasa anajua mlango wetu." Nampenda mwanamume huyu, ni baba wa watoto wangu, lakini sitaimba kwa amri wala sitanyamaza kwa amri. Nifanyeje nisipoteze ndoa yangu?

Victorine, Jeppestown

*

Victorine mdogo wangu,

Pole, na hongera pia. Sitakuambia uache, kwa hiyo kaa chini upumue, kisha unisikilize, maana nina la kukukaripia.

Umenieleza kirefu habari za wifi na za mtayarishaji, na mumeo umempa mistari michache tu. Mwanamume aliyekaa kwenye cherehani akakushonea shati hawezi kuamka siku moja akauchukia wimbo. Alikuambia nini? Kila mtu anajua mlango wetu. Umesahau 2015, maduka ya wageni yalipovunjwa, tukawa tunanong'ona Kiswahili ndani ya teksi tusijulikane ni wageni? Lambert anaogopa, nawe umeichukua hofu yake ukaiweka kapu moja na maneno ya Murielle. Hapo umekosea. Ushupavu wako ni mzuri jukwaani. Nyumbani uliza kwanza.

Muulize leo, "Unaogopa nini hasa?" halafu unyamaze mpaka amalize. Waambie televisheni wasitaje mtaa wenu, na wakurudishe kwa gari lisilo na nembo. Lambert mwombee kiti ukumbini, akuone. Na mkiona bora kuhamia mtaa mwingine, hata hapo Kensington, hameni, hakuna aibu. Akirudia kusema chagua, mwambie hivi: "Nimekuchagua wewe, na ninaimba. Kama vyote viwili haviwezekani, anayechagua ni wewe."

Murielle usibishane naye. Kwaya ni yake, kanisa si lake. Jumapili kaa kwenye benchi na waumini wengine uimbe kwa sauti yako yote, tuone nani atakuja kukutoa.

Huyo mtayarishaji acha kumjibu kwenye simu. Kesho asubuhi chukua mkataba wako uende Braamfontein, pale chuo kikuu kuna ofisi ya msaada wa sheria, wakusomee kama umetia saini popote kwamba utavaa na kusema unachoamriwa. Kama hakuna, kamwambie uso kwa uso kwamba utavaa chako. Asipokupa kipindi, basi. Waliokupigia kura walikuona na kofia yako, na studio yake si ya pekee Johannesburg.

Na wakikuuliza tena habari za vita, jibu upendavyo au usijibu. Yaliyokupata ni yako, utayasimulia siku utakayotaka, kwa mtu utakayemtaka. Jumamosi nenda kaimbe. Mimi nitakuwa mbele ya televisheni na simu mkononi, na kura yangu ni yako.

Dada yako, Ummi