Jani la Isale na Siku Arobaini na Tano

Jumatatu, 3 Machi 2025
Nimeshindwa. Mwenyekiti wa baraza la ardhi na nyumba amesoma hukumu haraka, kama tangazo la mnada. Mkataba wa kupanga uliandikwa kwa jina la mume wangu Aristides, naye ni marehemu. Basi nitoke. Miaka kumi na tisa hapa Pasua – nitoke!
Gladness, msaidizi wa kisheria, alinishika mkono nje. Rufaa ina siku arobaini na tano. Akaniandikia tarehe kiganjani: 17 Aprili. Mama, usiipitishe.
Nimerudi nikafuta vumbi kwenye redio za wateja wa Aristides. Zimebaki saba, wenyewe hawajazifuata. Kila moja ina karatasi kwa mwandiko wake, fundi wangu. "Sauti inakwaruza." "Hii nimeiunguza mimi, nimwambie mwenyewe."

Jumamosi, 22 Machi
Kijijini Kilema, kwa Mzee Thadeus, mwenye nyumba. Aliyenisukuma ni baba mkubwa Sylvanus, aliyemlea Aristides. Anasema mzee yule hagombei nyumba, anagombea mdomo wangu. Kweli, siku ya tisa baada ya mazishi alikuja kuulizia funguo, nikamwita kunguru mbele za watu. Ni Kwaresima, akasema, twende ukaombe radhi.
Akakata jani la isale, lile la Wachagga la kuombea radhi, kwenye migomba ya kihambani kwake, akalipiga fundo, akalibeba mwenyewe. Mzee Thadeus alilipokea kwa mikono miwili. Nani amewahi kulikataa isale? Tulikunywa mbege, pombe ya ndizi, kata moja. Mzee akajitania: "Kunguru ametua, mpeni na ndizi!" Tukacheka wote. Kisha akasema, mkewe akisikia: Rudi ukae kwako, mama Kindness. Hayo ya baraza nimeyaacha.
Gladness kwenye simu: Ameandika wapi?
Niliona haya. Umdai karatasi mtu aliyepokea isale? Ni kumtukana mara ya pili.

Alhamisi, 17 Aprili
Alhamisi Kuu. Gladness amepiga mara tatu. Nimemwambia tumeshapatana. Rufaa ya nini tena?
Padri ameosha miguu ya wazee kumi na wawili. Mwaka juzi Aristides alikuwa mmoja wao – siku mbili nzima alisugua visigino kwa jiwe!

Jumanne, 6 Mei
Dalali wa mahakama amebandika karatasi mlangoni. Siku kumi na nne. Gundi imechuruzika mpaka kwenye kitasa.
Nimempigia Mzee Thadeus. Shikamoo yangu ameiitikia vizuri kabisa. Akasema: "Mimi nilikusamehe, mama. Sheria ndiyo haijakusamehe." Nyuma yake kuna mtu alicheka.
Sijala.

Ijumaa, 9 Mei
Tunaomba kuongezewa muda wa kukata rufaa, kwa hati ya dharura. Gladness akauliza sababu ya kuchelewa. Nikasema isale. Akainamisha kichwa. Mama, jaji atataka kitu cha kushika – si uliugua kidogo? Cheti cha hospitali hakikosekani.
Nikazikumbuka zile karatasi za redio. Hii nimeiunguza mimi. Nikamwambia aandike jani.
Basi, akasema, aliyelibeba aje aape mwenyewe, kwamba alisikia nikiambiwa nikae. Baba mkubwa amekubali kwa simu. Ila alikohoa sana kabla ya kukubali.

Jumatatu, 19 Mei
Naandikia hapa kwenye benchi la mahakama. Kesho ndiyo siku ya kumi na nne. Redio nimezifunga kwenye kanga mbili, wakizitupa nje zisigongane.
Baba mkubwa amefika saa tatu kasoro. Amevaa koti lile la mazishi ya Aristides. Nimempa shikamoo, nikasogea akae. Ameitikia huku anatazama pembeni. Mzee Thadeus amemwita kwa Kichagga, kwa sauti, kama wako kilabuni: Yule mtamba ameshazoea banda?
Mtamba! Baba mkubwa hana ng'ombe hata mmoja. Mwezi wa tatu banda lake lilikuwa na kuni tu.
Wamecheka. Mzee Thadeus amempisha, wamekaa benchi moja. Gladness ananinong'oneza: Mama, yule shahidi ni wa kwetu kweli?
Karani ametaja namba yetu. Baba mkubwa anasimama, anafunga vifungo vya koti, ananitazama viatu –